Hong Kong na watoto: nani atambeba mdogo?

Baba ni mfanyabiashara wa Kariakoo. Mara tatu au nne kwa mwaka huenda Guangzhou kufuata mzigo. Mama ni mwalimu wa sekondari. Wanaishi Kigamboni na watoto wao watatu: kifungua mimba wa miaka 11, wa kati wa miaka minane na kitinda mimba wa miaka minne. Kwa watoto hao, China ni sauti ya baba kwenye simu usiku, na maboksi yanayofunguliwa sebuleni akirudi.

Mwaka huu baba aliahidi kuwapeleka. Si Guangzhou kwenye maghala, bali Hong Kong, jiji la bandari ambalo yeye amelipita mara kadhaa akielekea kwenye mzigo bila kulitembelea. Fedha zilianza kuwekwa tangu mwaka juzi, nyingine za dukani, nyingine za mchezo anaocheza mama na walimu wenzake. Ahadi ilipokaribia kutimia, ugomvi ukaanza.

Mama alikuwa na orodha kwenye simu: sehemu 19 za kuona kwa siku sita. Baba naye alikuwa na mpango wake. Siku sita ni nyingi, alisema, kwa hiyo mbili katikati angechomoka mara moja Guangzhou, kwani treni ya mwendokasi kutoka kituo cha West Kowloon hufika huko kwa takriban saa moja. Tena safari ni ya Desemba, na Desemba kwa watu wa mzigo si mwezi wa kukaa. Viwanda vya China hufunga kwa ajili ya Mwaka Mpya wa Kichina, unaoangukia kati ya mwishoni mwa Januari na katikati ya Februari, na asiyesukuma oda yake mapema hujikuta anasubiri wafanyakazi warudi.

"Baba watoto," mama akauliza, "hii ni likizo, au ni safari ya mzigo na sisi tumo kwenye mzigo?"

Wote wawili walikuwa na hoja, na wote wawili walikuwa wamesahau jambo moja. Hong Kong ni jiji la milima, ngazi na madaraja ya waenda kwa miguu. Mtoto wa miaka minne atatembea kwa furaha saa mbili, pengine tatu. Baada ya hapo atakaa chini katikati ya umati na kusema hatembei tena. Kigari cha kusukuma hakisaidii sana, maana kila baada ya muda kuna ngazi za kukinyanyua. Mtoto huyo atapanda mabega ya baba. Orodha ya mama ilihitaji mabega hayo kila siku, na mpango wa baba uliyaondoa kwa siku mbili.

Mzazi yeyote anayefikiria safari ya aina hii aanze hapo, kwa kujua nani atachoka kwanza na nani atambeba, kisha ndipo afungue orodha za vivutio.

Mwezi wenyewe waliuchagua vizuri. Likizo ya Juni ingewaponza. Juni ndio mwezi wenye mvua nyingi zaidi Hong Kong, joto hupita nyuzi 30 na unyevu wake unamshinda hata mtu wa Dar es Salaam. Vimbunga navyo huvuma zaidi kuanzia Julai hadi Septemba. Idara ya hali ya hewa ikipandisha ishara namba 8, vivuko hufungwa, maduka hufungwa, na familia hubaki hotelini ikitazama dirisha. Desemba ni kukavu, kati ya nyuzi 15 na 20 kwa kawaida, ingawa zipo siku baridi hushuka zaidi. Majengo mengi hayana vipasha joto. Masweta ya watoto yanapatikana Karume kwa bei ya mitumba, hakuna haja ya kuyanunua huko. Ila wiki mbili za mwanzo wa Desemba ni afadhali kuliko wiki ya Krismasi, ambapo vyumba hupanda bei na foleni hurefuka.

Kuna sababu nyingine ambayo mama aliiona na baba hakuiona. Kifungua mimba anatimiza miaka 12 mwezi Januari. Mashirika mengi ya ndege humhesabu mtoto kuwa mtoto hadi miaka 11, kwa tarehe ya safari. Treni za Hong Kong nazo hutoza nauli ya mtoto kwa wenye miaka 3 hadi 11. Kuahirisha safari hadi mwaka mpya kungemgeuza mtoto yule yule kuwa mtu mzima kwenye kila tiketi.

Suala la viza huwachanganya wengi. Hong Kong ni sehemu ya China, lakini ina idara yake ya uhamiaji na masharti yake. Wenye pasi za Tanzania na Kenya wamekuwa wakiruhusiwa kuingia Hong Kong kwa matembezi bila kuomba viza, na ni busara kuhakikisha kwenye tovuti ya idara hiyo kabla ya kulipia chochote. Ruhusa hiyo haivuki mpaka. Kwenda Shenzhen au Guangzhou kunahitaji viza ya China, kwa mtoto kama kwa mtu mzima. Wapo wanaofika Hong Kong wakidhani wataingia Shenzhen kununua vitu na kurudi jioni, wakaishia kwenye dirisha la mpakani. Baba wa Kigamboni ana viza yake ya biashara. Mkewe na watoto hawana, kwa hiyo "kuchomoka" kwake kulikuwa na maana moja tu: angewaacha.

Halafu kuna saa. Hong Kong iko mbele ya Afrika Mashariki kwa saa tano, na vitabu vya watalii vinavyosema "amkeni mapema kabla ya umati" havikuandikwa kwa ajili ya mtoto wa Kigamboni. Huko ikifika saa 1 asubuhi, mwili wake unajua ni saa 8 usiku. Kumwamsha ni vita. Jioni yake ya kulala, saa 3 usiku ya nyumbani, huko ni saa 8 usiku. Siku mbili tatu za mwanzo mtoto atakuwa macho wakati jiji limelala, na atasinzia juu ya meza ya chai.

Mzazi anayejua hivyo hapigani nalo. Anapanga asubuhi zianze saa 4, siku za mwanzo hata saa 5, na anaziweka starehe za familia jioni. Bahati nzuri jiji lenyewe linapendeza jioni. Kila siku saa 2 usiku kuna onyesho la taa na muziki kwenye majengo ya pande zote mbili za bandari, na kulitazama ukiwa ufukweni Tsim Sha Tsui hakuna kiingilio. Saa 2 usiku ya huko ni saa 9 alasiri ya nyumbani. Watoto watakuwa wachangamfu kuliko wazazi wao. Onyesho ni fupi, kama dakika kumi, na kusema kweli kinachobaki kichwani ni bandari yenyewe: maji meusi, meli zinazopishana, na minara iliyowaka kutoka ukingoni hadi mlimani.

Kwa watoto waliokulia Kigamboni, kuna kitu kimoja pale ambacho hawatahitaji kuelezwa. Ni pantoni. Star Ferry imevusha watu kati ya Kowloon na kisiwa cha Hong Kong tangu 1888, ilipoanzishwa na Mparsi aliyetoka India, Dorabjee Naorojee Mithaiwala. Safari ni ya dakika kumi hivi na nauli ni dola chache za Hong Kong, chini ya dola moja ya Marekani. Viti vya mbao vina migongo inayogeuzwa, ili abiria atazame anakokwenda bila kujali pantoni linaelekea upande upi. Watu wa jiji lile hawalichukulii kama kitu cha watalii. Mwaka 1966 nauli ya daraja la kwanza ilipotaka kupandishwa kwa senti tano, maandamano yalianza na yakaishia kuwa ghasia mitaani. Kifungua mimba anayejua maneno yanayosemwa nauli ya Magogoni ikiguswa ataielewa habari hiyo kuliko maelezo yoyote ya makumbusho.

Pantoni hilo lipandwe zaidi ya mara moja, mchana na usiku, ghorofa ya juu. Hakuna fedha itakayotumika vizuri zaidi ya hiyo katika safari nzima.

Upande wa pili kuna tramu, ambazo wenyeji huziita "ding ding" kwa sauti ya kengele zao. Zimekuwepo tangu 1904, ni za ghorofa mbili na nyembamba kama kabati. Abiria hupanda nyuma na kulipa mbele wakati wa kushuka, nauli moja kwa umbali wowote. Mtoto akipata kiti cha mbele juu, asiondolewe. Mama alikuwa amepanga wapande vituo vitatu kufikia soko fulani. Afadhali wakae humo saa nzima hadi mwisho wa njia, kwa sababu jiji lote hupita dirishani: nguo zilizoanikwa, maduka ya samaki wakavu, benki, makanisa, vibanda vya matunda. Kitinda mimba atakuwa amekaa. Hakuna anayebebwa.

Na zipo ngazi za umeme za mtaani, kutoka Central kupanda mlimani, zaidi ya mita 800 zikiunganishwa vipande vipande, zimefunguliwa 1993, na ni bure. Asubuhi hadi saa 4 hushuka, kupeleka watu kazini. Kuanzia saa 4 hupanda. Familia inayochelewa kuamka inafika kwa wakati wake hasa.

Kilele cha Victoria wote huenda, na wote husimama foleni ya treni ya mlimani, ambayo nayo ni ya 1888. Treni hiyo inasisimua kwa jinsi inavyolala mgongo, lakini foleni yake mwishoni mwa wiki inaweza kumaliza miguu ya mtoto kabla hajafika juu. Basi namba 15 kutoka Central hupanda mlima ule ule kwa nauli ndogo, kwa kona zinazotazama bahari. Juu kuna barabara ya Lugard, tambarare, yenye kivuli, na bandari nzima iko chini. Mnara wa kulipia wenye jukwaa la kutazamia si lazima.

Kuhusu bustani za michezo, familia ichague moja. Disneyland tiketi ya mtu mzima imevuka dola 600 za Hong Kong. Kwa hesabu ya haraka, dola za huko zigawe kwa nane kupata za Marekani, kisha zidisha kwa watu watano. Ocean Park ni nafuu kidogo, ina vibanda vinavyoning'inia kwenye waya juu ya bahari, na ina panda, wakiwemo pacha waliozaliwa Agosti 2024. Watoto wa miaka 11 na minane pengine wataifurahia zaidi. Wakiulizwa watasema Disneyland, bila shaka, lakini hawalipi wao.

Sanamu kubwa ya Buddha kisiwani Lantau ina ngazi 268. Hapo ndipo mabega ya baba yatakapopimwa. Kufika kwake ni kwa kibanda cha waya, umbali wa kilomita 5.7 angani, dakika kama 25, ila upepo ukizidi husimamishwa, kwa hiyo siku hiyo isiwe ya mwisho na isiwe karibu na ndege ya kurudi. Basi namba 23 kutoka Tung Chung hufika pia.

Malazi yanahitaji macho. Vyumba vya Hong Kong ni vidogo kuliko picha zake, na chumba cha mita za mraba 15 si ajabu. Hoteli nyingi hazikubali watu watano chumba kimoja, na wanaofika na mtoto ambaye hawakumwandikisha hulipishwa mapokezi. Aulizwe mwenye hoteli kwa maandishi: mita za mraba ngapi, vitanda vingapi, watoto wa umri gani. Vyumba viwili vinavyofunguana kwa mlango wa ndani, mbali kidogo na bandari lakini karibu na kituo cha treni, ni bora kuliko chumba kimoja chenye mandhari. Mandhari watayapata kwenye pantoni.

Mengine ni mepesi. Plagi ni za pini tatu kama zetu. Magari hupita kushoto, kwa hiyo mtoto anayejua kuvuka barabara hapa anajua kuvuka huko. Kadi ya Octopus hulipia treni, basi, tramu, pantoni na hata juisi dukani, na watoto wana yao. Kula ndani ya treni ni marufuku, na kutupa taka ovyo faini yake ni dola 3,000 za Hong Kong, kwa hiyo visheti vya bibi viliwe hotelini na kwenye mabustani. Kutoka uwanja wa ndege, treni ya haraka ni dakika 24 hadi Central, lakini kwa watu watano basi la ghorofa namba A21 kuelekea Kowloon ni nafuu zaidi, na watoto huingia jijini wakiwa juu, wakivuka daraja la Tsing Ma.

Wazazi walipokuwa bado wanavutana, kifungua mimba aliingia sebuleni na kuuliza swali ambalo halikuwa kwenye orodha ya mtu yeyote.

"Baba, wewe ukiwa huko huwa unakula wapi?"

Baba akacheka. Akaeleza kuwa akipita Hong Kong hula Chungking Mansions, jengo la ghorofa 17 barabara ya Nathan, ambalo wafanyabiashara wa Afrika wamelijua kwa miaka mingi. Chini kuna maduka ya simu na wabadilisha fedha, na kuna migahawa ya Wapakistani na Wahindi. Kuna chapati. Kuna biriani. Kuna siku amewahi kusikia Kiswahili kwenye foleni ya lifti akageuka, akakuta mtu wa Mombasa. Ijumaa huswali msikiti wa Kowloon, hatua chache kutoka pale, na baada ya swala huwa anakaa kidogo kwenye bustani ya jirani kuwatazama flamingo.

"Flamingo?" wa kati akauliza. "Hujawahi kutuambia kuna flamingo."

Mama akaandika: Ijumaa, kula kwa baba. Jengo hilo lina nyumba za wageni za bei ya chini pia, ila vyumba vyake ni vya mtu na begi lake, si vya familia. Kwa chakula cha mchana linafaa sana. Na anayetaka vyakula vya Kichina vya halali kuna kantini kwenye kituo cha Kiislamu cha mtaa wa Oi Kwan, Wan Chai, ambapo watoto wataonja maandazi madogo ya mvuke bila mzazi kuuliza maswali kila sahani.

Hapo ndipo la mzigo lilipozungumzika. Baba alikubali kwamba Guangzhou isiingie katikati. Akapendekeza atangulie, amalize kazi, kisha awapokee wakifika. Mama alilikataa hilo. Mzigo una tabia ya kuchelewa. Ukichelewa siku mbili, siku hizo zitakatwa kwa watoto, na hata akiwepo atakuwa na simu sikioni. Likizo itangulie, akasema. Siku sita zikishaliwa zimeliwa, hakuna kontena litakalozirudisha. Baada ya hapo baba awasindikize uwanja wa ndege, yeye apande treni.

Gharama ya uamuzi huo ni kwamba mama atarudi peke yake na watoto watatu, kwa kubadilisha ndege njiani, kama wasafiri wengi wanaopitia Addis Ababa, Doha au Dubai. Si jambo dogo. Barua ya ridhaa ya baba iliyogongwa muhuri wa wakili iwe kwenye mkoba, pamoja na nakala za vyeti vya kuzaliwa, kwa sababu mzazi mmoja akisafiri na watoto anaweza kuulizwa. Waliangalia tiketi upya na kuchagua yenye kusubiri saa tatu badala ya ile ya saa moja na dakika tano. Ilizidi bei kidogo.

Orodha ya mama ilibaki na sehemu nane. Siku moja imeachwa wazi kabisa, haina kitu, kwa ajili ya mvua, homa, au kurudia walichokipenda. Wa kati ameomba Cheung Chau, kisiwa kisicho na magari, chenye baiskeli, ufukwe na pango linalosemekana lilikuwa la haramia. Meli yake hutoka gati namba 5, Central. Imeandikwa kwa penseli.

Kitinda mimba alisikiliza yote hayo akiwa chini ya meza. Alikuwa na swali moja: kwenye pantoni la huko wanauza karanga?

Baba, aliyelipanda mara kadhaa, akafikiri. Akasema hajui. Hajawahi kuangalia.